Mikono ya Wainani na Bakuli la Poi

Ni mwaka mmoja sasa, Wainani, tangu ndala zako zibaki hapo mlangoni bila mwenyewe. Sijazitoa. Binti na mjukuu wetu wamenisema, nikawaambia hizo zipo kwao, nyinyi vueni zenu mpite.

Kazi yako, mke wangu, sijawahi kuielewa mpaka leo. Kule hotelini Waikiki uliimba, ukacheza hula, ngoma ya visiwani kwetu, ukachekesha wageni mpaka wakamwaga vinywaji. Kwenye filamu ndiyo usiseme: leo mtawa, kesho mwizi, keshokutwa malkia. Ile ya polisi ulikuwa maiti, ukapiga chafya. Nikakuuliza, "Sasa wewe hasa ni nani?" Ukanijibu, "Mimi ndiye ninayekupikia, mzee. Kula." Na aliyepika nilikuwa mimi.

Jambo moja lilininyima usingizi: ngoma ya mama yako, ile ya mvua ya Bonde la Waipio. Ni ya ukoo, haiuzwi hotelini. Ulisema utamfundisha mjukuu wetu Nohea ukipata nafasi, ugonjwa wa mapafu ukakuwahi. Na sisi huku mwaka ukitimia ni lazima Karamu ya Machozi, wote waliokulilia waje wale, wacheke, kilio kiishe. Nohea akasema, "Babu, nitacheza nini mimi? Nimuage bibi kwa ngoma ya watalii?"

Basi tukakaa kuangalia filamu zako, kujifariji tu, mimi, Nohea na kaka yako Palani. Mtawa anafuta dirisha. Nohea akasema, "Babu, rudisha hapo."

Nikarudisha.

"Nani anafuta dirisha hivyo?"

Kweli bwana, vidole vilikuwa vinashuka kama manyunyu. Tukaweka nyingine. Malkia anapunga mkono, kumbe ni upepo unapanda bonde. Mwizi anapapasa ukuta, kumbe maji yanateremka jabalini. Palani, aliyeiona ngoma hiyo utotoni, akajipiga paja. "Ndiyo yenyewe. Mjanja huyu, kaipitisha mbele ya macho ya dunia nzima na hakuna aliyeiona."

Nohea akaunga kipande kwa kipande. Ukakosekana mwisho. Kwenye filamu haumo, na Palani anasema kila mara alisinzia kabla ngoma haijaisha. Nikamwambia, hata leo kanisani hujabadilika.

Nohea akaniuliza, "Hapa nyumbani bibi hakuwa na kitu anachokifanya kwa mikono?"

"Hapana. Labda kuomba chakula."

"Anaombaje?"

Nikamwonyesha. Ukirudi kazini unavua ndala, unakuja mbele yangu, viganja vinatazama juu, vinasogea taratibu mpaka karibu na kifua changu. Mimi nakuwekea bakuli la poi, uji wetu wa magimbi. Miaka yote hiyo. Unacheka, unakula, na mimi najua ni njaa tu.

Palani akanitazama sana. "Shemeji," akasema, "hiyo ni mvua imefika shambani. Ndio mwisho wenyewe."

Sasa niambie, Wainani. Ulikuwa unatuachia kwa makusudi, au mikono yako haikujua kutulia? Na mbona hukunisahihisha hata siku moja? Najiuliza nikipalilia magimbi, najiuliza nikila. Wala sichoki kuuliza.

Jumamosi, kwenye karamu yako, Nohea aliicheza yote. Hata Palani alikuwa macho. Mwishoni akaja mbele yangu, viganja juu, taratibu vile vile. Nami nilikuwa nimeshika bakuli langu la poi. Mkono ukaenda wenyewe, nikamwekea. Watu wakacheka mpaka wakashika mbavu, naye akalipokea kama unavyolipokea wewe. Hapo ndipo nilipolia machozi yaliyobaki.

Tunaokukumbuka ni mimi mumeo Ioane, binti yetu Makana, kaka yako Palani, mjukuu wako Nohea, na majirani wa hapa Waimanalo waliokula nasi. Daima tutakukumbuka, mke wangu. Ndala zipo mlangoni, na poi ipo.