Mzee wa Mizinga Katika Kitabu cha Kanali

Eldoret,
Jumapili, baada ya kanisa.

Nyambura dada yangu,

Pokea salamu kutoka huku kwenye baridi. Mimi ni mzima, ila mafua yamekataa kuniacha tangu mvua zianze. Wewe je, na watoto wa darasa lako? Kifua cha Mama kimetulia? Mwambie lile blanketi la kahawia ni lake mwenyewe, asimpe mgeni.

Utashangaa naandika kwa Kiswahili, sisi tulionyonya lugha moja. Baba Mkubwa husoma lugha yetu vizuri kama anavyosoma Biblia, na barua zangu zote huzisoma kabla hazijakufikia. Kiswahili cha karatasi humshinda. Hii nataka uisome peke yako, ukiwa umekaa.

Nilikuambia niliacha kazi ya duka. Tangu wakati huo nimekuwa nikipiga taipu kwa mzungu mmoja mzee, upande wa Kaptagat. Watu humwita Kanali kwa sababu alikuwa mwanajeshi. Shamba lake ndilo lililonunuliwa na kampuni ya watu wetu, hilo hilo ambalo Baba Mkubwa aliuza mbuzi wake wote ili tupate sehemu. Kanali alikuwa anarudi kwao Uingereza, lakini kabla ya kuondoka alitaka kumaliza kitabu chake.

Kitabu chenyewe ni juu ya vita. Chumba chake kilijaa maandishi ya majemadari wa zamani, mengine yameliwa na mende pembeni. Alikuwa akisoma hapa, akiandika pale kwa penseli, kisha mimi napiga taipu. Nikuambie ukweli, niliipenda kazi hiyo. Nilisoma habari za jemadari aliyevusha ndovu katika milima ya barafu, na za mji uliozingirwa mpaka watu wakachemsha ngozi za viatu. Kila sura ilikuwa na somo lake. Sura ya saba ilikuwa juu ya mtu anayeonyesha njia. Kanali aliandika kwamba jeshi la wageni ni kipofu mpaka apatikane mwenyeji wa kulishika mkono. Akatoa mfano wa Ugiriki, akatoa mwingine wa jangwani, kisha akatoa wake mwenyewe, kutoka msitu wetu.

Sikujua alipigana huko kwetu, wakati wa vita vya uhuru. Jina la mto ameliandika vibaya, lakini ni mto wetu, Nyambura. Maporomoko ni yale yale, mianzi ni ile ile, na wale wapiganaji wetu wanne waliokutwa wakiota moto kwenye mvua ni wale wale. Unajua nani alikuwa mmoja wao.

Sentensi iliyofuata naiweka kwa Kiswahili kama nilivyoielewa: "Tuliongozwa na mzee mwenye mizinga ya nyuki, ambaye mkono wake wa kushoto haukuwa na kidole cha mwisho. Hakutaka malipo. Aliomba tu kwamba msichana aliyekuwa akiwapelekea chakula asiguswe."

Nikaondoa mikono kwenye mashine. Msichana aliyewapelekea chakula kila Alhamisi, kimefichwa chini ya kuni, ulikuwa wewe. Na kidole hicho cha Baba Mkubwa, kilichokatwa na panga akichonga mzinga, pengo lake tumelizoea tangu utoto. Mimi wakati ule nilikuwa bwenini kwa wamisionari, sikupata habari mpaka kaka yetu Mwangi amekwisha kuzikwa mahali tusipopajua. Lakini Mama alinisimulia kwamba Alhamisi ile walipovamiwa Baba Mkubwa alikutuma kwa shangazi ukampelekee asali, na wewe ukalia kwa sababu Mwangi angeshinda na njaa.

Nilikaa siku mbili bila kuuliza. Siku ya tatu nikampelekea Kanali ile karatasi, nikamwambia nataka kuhakikisha kama huyo mzee alikuwa hivyo kweli. Akavaa miwani, akasoma, akasoma tena. Akasema ni zamani, mvua ilikuwa kubwa, na walioonyesha njia walikuwa wengi, wengine wamefunikwa magunia kichwani wasijulikane. Kidole labda kilikuwa cha mtu wa bonde lingine. Nilipomtajia msichana akavua miwani. Akasema, "Katika kila vita nilivyosoma yumo mtu kama huyo. Sijui tena kama nilimwona au nilimsoma."

Nilirudi kwenye mashine na hasira ambayo haikujua iende kwa nani.

Wiki iliyofuata wanachama wa kampuni walikuja kwa lori kuangalia shamba kabla ya kugawiwa, na Baba Mkubwa alikuwa nao. Hapo nikafanya jambo ambalo naona haya kulisema. Nilimpeleka mpaka kwenye veranda ya Kanali, makusudi, ili niyaone macho yao. Kanali akasimama, akampa mkono kama alivyowapa wengine, akamwambia maji yako upande wa chini na udongo wa karibu na miti unafaa viazi. Baba Mkubwa akavua kofia, akashukuru. Mkono wake wa kushoto ulikuwa mfukoni, lakini unajua siku ya baridi haumtoki mfukoni. Hakuna aliyeshtuka.

Baadaye tulitembea wawili. Alikuwa na furaha ambayo sijapata kuiona kwake. Alipima kwa hatua mahali pa nyumba ya Mama, mahali pa ng'ombe, akachagua mti wa kutundika mizinga. Hapo ndipo nilipomuuliza kwa nini Alhamisi ile alikutuma kwa shangazi. Kitabu sikukitaja.

Aliupapasa ule mti. Kisha akasema, "Ndugu yangu aliniachia watoto watatu, na mimi nina mikono miwili."

Aliniuliza kama mbao ni ghali mjini, nikamjibu. Akaniomba nimjengee chumba kimoja kabla ya mvua kubwa, nikasema nitamjengea. Nilisema hivyo kabla ya kujua kama nitaweza kula naye humo.

Tangu siku hiyo nazunguka tu. Asubuhi naamka nikimwona mtu aliyemuuza Mwangi. Jioni namwona aliyelipa karo yangu, aliyekubeba mgongoni mpaka hospitali ulipougua surua. Labda askari walikuwa wamekwisha kupajua pale, wangekwenda naye au bila yeye, akaona aokoe alichoweza. Labda hakuwa yeye kabisa, na lile neno la mikono miwili ni huzuni ya mzee tu. Wale majemadari wa vitabuni wangenicheka. Kwao mtu ni wa upande huu au wa upande ule.

Kanali aliondoka Jumanne na kitabu chake, lakini sentensi ile haimo. Niliupiga ukurasa upya nikairuka. Nilipompelekea aliusoma mpaka chini, akasema ni sawa. Sijui kama hakuona, au aliona akashukuru. Ukurasa wa awali wenye sentensi hiyo, wa Kiingereza, umo ndani ya bahasha hii. Nilitaka kuuchoma nikashindwa, kwa sababu uhai uliotajwa humo si wangu, ni wako. Nisamehe kwa kukutwika mzigo huu. Ukikumbuka lolote la asubuhi ile, alivyokutazama au alivyokufungia ile asali, niandikie. Usipotaka kukumbuka, niandikie habari za shule tu, nitaelewa.

Nisalimie Mama sana. Nisalimie shangazi wa ng'ambo ya mto, na mwalimu mkuu wako ambaye alinifundisha hesabu kwa fimbo. Salamu kwa Baba Mkubwa nimeziandika mara tatu nikazifuta. Mwambie tu mbao nimekwisha kununua.

Ni mimi kaka yako,
Gichuki