Konokono wa Mfuko wa Shati

Gesima,
Nyamira.
15 Septemba 2025

Mpendwa shemeji Onchiri,

Nakusalimu wewe, Kadzo na watoto. Mko wazima? Mgongo wako umepata nafuu? Huku hatujambo kwa neema ya Mungu. Mama bado anaenda kanisani kila Sabato kwa miguu yake, ingawa sasa hupumzika mara mbili njiani. Mvua imekuja vizuri, majani chai yanatushinda kuchuma.

Nimekupigia simu mara nyingi haipatikani, na sikulaumu. Barua hii nimempa jirani yetu Andrew, anayerudi kazini Malindi. Tafadhali isome mpaka mwisho.

Ni miezi saba tangu tumzike Nyabuto. Mume wangu alikuwa na kawaida ya kuvua viatu vya mpira mlangoni na kuvigonga mara tatu kutoa matope. Siku hizi mtu akigonga viatu nje, bado nageuka.

Yanayosemwa unayajua. Daktari wa huko aliandika kwamba ndugu yako aliumwa na konokono wa baharini mwenye sumu. Karatasi hiyo iliposomwa hapa, watu walitazamana. Baba mdogo Nehemiah akasema sisi tunakanyaga konokono kwenye migomba kila mvua ikinyesha, na hajazikwa mtu. Mwingine akadakia, "Kesho tutaambiwa kipepeo amekaba ng'ombe." Watu wakacheka, na matanga hayajaisha. Tangu hapo ikawa ni Kadzo aliyemwekea shemeji yake sumu kwenye chakula, kwa kuwa ni mtu wa pwani na kwao hatukujui.

Mwezi uliopita nilimwendea Millicent, mwalimu wa sayansi, akanionyesha picha kwenye simu. Gamba zuri sana, limechorwa kwa rangi ya kahawia kama wavu. Aliniambia konokono huyo hutembea polepole kama wa kwetu, lakini chakula chake ni samaki. Kwa kuwa hana mbio, ana jino kama sindano analolirusha kutoka mdomoni, na samaki hukakamaa palepale. Akimpata mtu, mwili hufa ganzi, macho huona ukungu, kisha pumzi hukatika. Wengine hawasikii hata uchungu. Dawa ya kuiondoa sumu hiyo bado haijapatikana. Nikakumbuka ulivyotueleza siku ya mazishi, kwamba Nyabuto alikuwa akifanya mzaha kuwa kifua kimelala. Ulisema kweli tupu.

Lakini shemeji, mimi nilijua kabla ya Millicent.

Asubuhi ile aliyoumwa, Nyabuto alinipigia simu kutoka ufukweni huko kwenu, maji ya bahari yakiwa yametoka. Wewe ulikuwa mbali naye kidogo, hukusikia. Nilikuwa nimemwomba aniletee kitu cha bahari, maana sijawahi kuiona. Akaniambia, "Nimekupatia gamba zuri, ila mwenyewe bado yumo ndani."

Nami nikamjibu, "Usimtoe. Mlete hivyo hivyo nimwone."

Alicheka, akasema atamtia kwenye mfuko wa shati, gamba lisivunjike. Tuliwaza wa kwetu, ambaye kiangazi chote hujifungia ndani ya gamba, na mvua ikirudi anatoka mzima. Tulidhani na huyo atafika Gesima vilevile.

Habari hiyo niliificha. Niliogopa watasema mimi ndiye niliyemuua, na moyoni nilikuwa nimeshajiambia hivyo. Ilikuwa rahisi lawama ikae mbali, kwa mtu nisiyemwona kila siku.

Wiki iliyopita wazee walikutana hapa kupanga siku ya kuweka saruji kaburini. Baba mdogo akasema wewe uje, ila mkeo asikanyage. Nikasimama. Nikawaeleza simu ile yote, hata maneno yangu mwenyewe. Baba mdogo akaniuliza, "Miezi saba yote ulikuwa wapi?" Nikamwambia nilikuwa hapa hapa, naogopa.

Mama akasema, "Mwanangu alikuwa akijaza mifuko vitu tangu utoto. Nimefua nguo zake, najua. Mwacheni Kadzo, huyo mtoto wa watu."

Sitakudanganya kwamba yamekwisha. Wapo wanaonung'unika, na baba mdogo aliondoka bila kuniaga. Lakini hakurudia kwamba Kadzo asije.

Saruji tutaiweka Jumapili, tarehe 14 Desemba. Njoo naye. Mwambie namwomba msamaha. Siku ya mazishi wanawake wa boma walimtoa jikoni, wakamkalisha kwenye viti vya wageni, nami niliona nikatazama pembeni. Safari hii nimewaambia wote, wazee na wanawake, kwamba chakula cha siku hiyo atapika yeye, kwenye jiko langu. Sahani ya kwanza ni yangu, na nitaila nimekaa katikati ya uwanja.

Mama anakusalimu sana. Mtoto wangu Nyanchama anawasalimu Duke na Sheila, na anauliza kama bado wanakumbuka lugha yetu ya Ekegusii. Mungu awafunike kwa mkono wake, na awalete salama.

Ni mimi shemeji yako, ninayewangoja wote wawili,

Kemuma