Mkate wa Mlangoni

Potsdam, 28 Septemba 1957

Shangazi Hedwig mpendwa,

Bado nasikia kiti chako cha sinema kikijikunja kwa kishindo ulipoinuka ukatoka katikati ya kicheko cha watu. Sikukufuata. Nilibaki ukumbini nikingoja kuitwa jukwaani, nikapewa maua kwa kuandika filamu ile.

Plamu zimeiva huku. Nimejaribu kupika jamu yako, ikaungua.

Tulikuwa tukitoa kokwa za plamu jikoni kwako uliponisimulia jinsi mumeo, Mjomba Albrecht, alivyorudi kutoka kifungo cha vita amekonda, usimtambue, ukampa mkate kama ombaomba, ukafunga mlango.

"Ukimwambia mtu, kasuku we, nitakunyonyoa!" ulisema. Nikacheka, nikaapa. Jioni ile ile nikayaandika.

Mimi niliandika kwa uchungu. Mwongozaji wa filamu akayageuza mzaha. Nilipomlalamikia alishangaa: "Dada Irmgard, watu wamecheka mpaka wamelia, nawe umenuna?" Simlaumu. Yeye hakukuapia.

Jana nilirudisha mkataba wa filamu ya pili, maana nayo ilikuwa habari zako. Daftari nililoandikia kila ulichonisimulia limo humu ndani ya bahasha. Sikubakiza nakala.

Mwanao,
Irmgard