Ulitufundisha Vita vya Watu wa Mbali

Mwalimu wangu Wilondja,

Shikamoo. Ulituambia kwamba Wamaori huongea na marehemu wao ana kwa ana. Humwita kwa jina, humsifu, humgombeza pale alipowakosea, halafu humruhusu aende. Darasa zima lilicheka siku ile. Kwetu maiti huliliwa, nani amewahi kumgombeza? Leo nimekaa mezani hapa Garland, nimetoka zamu ya ghalani, hata buti sijavua, na nimeamua kufanya kama wao. Kwa hiyo nisikilize, na tafadhali usinikatize kama ulivyozoea.

Kwanza habari za nyumbani. Mapendo, binti yako, hajambo. Amekonda, lakini anakula. Tulikuzika Jumamosi huko Houston, katika lile joto lao la kunata, na kanisa lilijaa mpaka watu wakasimama mlangoni. Nakuambia mapema ili usihangaike: ulizikwa vizuri. Walikuzika watu wa ziwani na watu wa milimani kwa pamoja. Nusura mambo yaharibike, na hilo ndilo ninalotaka kukusimulia.

Lakini siwezi kulisimulia bila kurudi kambini kwetu Kigoma. Pale tulikuwa watoto wa Kongo tuliokimbia vita ileile, ila hatukutoka upande mmoja. Sisi wa ziwani tuliambiwa na wazazi kwamba watu wa milimani ndio waliotuchomea nyumba. Wa milimani, kama Muhoza, waliambiwa vivyo hivyo kuhusu sisi. Wewe ulitupanga mwenyewe kwenye benchi, mmoja wa huku, mmoja wa kule, na aliyehama alitolewa nje. Kisha likaja kasha la vitabu vya msaada, na kitabu cha historia kilikuwa kimoja tu, hakina hata jalada. Kilikuwa cha Nyuzilandi. Visiwa viko chini kabisa ya ramani, mbali na kila mtu! Mwalimu mwingine angekitumia kuwashia moto wa kuchemshia maharage. Wewe ulikifundisha miaka yote niliyokaa darasani kwako, ukikisoma kwa Kiingereza kimoyomoyo na kutusimulia kwa Kiswahili.

Baba yangu alikuja shuleni siku moja amefura. Aliuliza kwa sauti ya kusikika hadi kwenye foleni ya maji: "Mwalimu, mtoto anakuja nyumbani ananihesabia mitumbwi ya Wamaori! Kwani Kongo haina historia?" Ukamjibu taratibu kwamba ipo, ila bado ni ya moto, watoto wataungua. Baba hakuelewa. Mimi pia sikuelewa. Mtaani wakaanza kukuita Mwalimu Nyuzilandi, wakidhani wanakukejeli, nawe ukawa unaitika.

Na tulijua, Mwalimu! Tulijua jinsi mababu wa Wamaori walivyovuka bahari kubwa kwa mitumbwi wakifuata nyota, wakaiita nchi ile Aotearoa, nchi ya wingu refu jeupe. Tulijua walivyofika Wazungu, kwanza wavua nyangumi na wafanyabiashara na wamisionari, halafu walowezi wenye kutaka ardhi. Tulijua mkataba wa mwaka 1840, ulioandikwa kwa lugha mbili ambazo hazikusema jambo moja, hata machifu wakaondoka wakiamini wamebaki na mamlaka yao na Wazungu wakiamini wamepewa nchi. Tulijua vita vya ardhi vilivyofuata. Ulipotuambia kwamba wapo Wamaori waliopigana upande wa serikali dhidi ya Wamaori wenzao, darasa lilinyamaza kabisa. Hukueleza zaidi. Uliacha tu tunyamaze.

Halafu michezo yako ile. Leo wa milimani ni Wamaori na wa ziwani ni askari wa Malkia wa Uingereza, kesho mnabadilishana. Hakuna aliyetaka kuwa askari, na ulitulazimisha wote tuwe, kwa zamu. Nakumbuka siku ya Parihaka, kijiji kile ambacho watu wake waliamua kutopigana, askari walipokuja wakakuta watoto wanaimba njiani na wanawake wamewaandalia mikate. Mimi nilikaa chini na wadogo tukiimba, nimebeba ugali wa jana badala ya mkate. Muhoza alikuwa askari, na fimbo begani. Alipofika mbele yangu akasimama. Ukamwambia aendelee, kwa sababu kitabu kinasema askari waliingia. Akaitupa fimbo, akalia kwa kwikwi. Ukafunga kitabu, ukatupeleka wote uwanjani kucheza mpira, na wewe ukasimama golini na yale malapa yako yasiyofanana. Tulikufunga vibaya sana.

Sura uliyoipenda ilikuwa ya mwisho, pale serikali ilipokuja kuomba radhi baada ya miaka mingi na kurudisha sehemu ya ardhi. Uliisoma umesimama. Muhoza akauliza kama kweli serikali inaweza kusema samahani, tukaangua kicheko, nawe hukucheka. Ulisema haitoshi, lakini imesemwa.

Baadaye ndege zikatutawanya, na sijui kwa bahati gani Texas ikatukusanya. Wewe Houston kwa Mapendo, mimi Garland na Muhoza Irving, miji ya kandokando ya Dallas, yeye anaendesha malori. Ulikuwa unanipigia baada ya misa ya Jumapili kulalamikia viyoyozi. Ulisema hii ni nchi ya ajabu, watu wanainunua baridi halafu wanavaa sweta. Hukulalamikia kazi yako ya usafi hotelini hata mara moja. Nilipokuuliza kama huikumbuki chaki, ulisema mashuka nayo ni meupe. Nilicheka, ila nilisikia uchungu ndani ya sauti yako.

Mapendo aliponipigia kunipa habari nilikuwa mapumzikoni kazini, nimeshika kijiko cha wali. Sitaki kusimulia hapo. Wanafunzi wako wa Dallas wote tuliitana, tukapanga magari mawili tushuke Houston siku ya Ijumaa, familia inapokuaga kabla ya misa. Ndipo Mjomba Asukulu, shemeji yako, akanipigia simu.

Aliniambia: "Sifa, wewe ni mtoto wetu, karibu. Lakini yule wa milima, hapana. Kesho yake ku église aje, kule ni kwa Mungu. Huku kwa famille asifike." Nikamuuliza kwa nini. Akasema: "Kwani hakuwaambia? Dada yangu waliua wao. Mwalimu wenu alimuzika na mikono yake, akavuka ziwa na Mapendo ku mugongo."

Mwalimu, hapa ndipo ninapokugombeza. Miaka yote ile tulidhani mama yake Mapendo alikufa kwa malaria. Hukutuambia. Ulimkata Muhoza kucha kila Jumatatu, ulimvalisha sweta lako mvua iliponyesha, ulimfundisha kusoma, na hukusema neno. Nilikaa kwenye gari nje ya ghala, nikalia kwa hasira. Nilikuona una moyo mkubwa mno na nilikukasirikia kwa hilo, kwa sababu mimi nisingeweza.

Nilimwambia Muhoza tuliposimama Corsicana, mji wa njiani, kununua maji. Ilibidi ajue kabla hajafika. Alisimama na chupa mkononi bila kuifungua. Mwishowe akasema, "Baba yangu naye aliuawa na watu wa ziwani, Sifa. Nilimwambia Mwalimu nikiwa mdogo. Alinishika mkono tu, akasema tuendelee na somo." Nikamuuliza kama anataka kurudi Dallas. Akasema, "Hapana. Kwa Wamaori mgeni haingii mpaka aitwe. Tuta-park, tutasimama nje. Tukiitwa tunaingia. Tusipoitwa, basi Mwalimu atajua tulifika." Wenzetu wote wakakubali kusimama naye, wa huku na wa kule. Hakuna aliyesema yeye ataingia kwa sababu ni wa ziwani.

Basi ndivyo ulivyotukuta, au tulivyokukuta. Nyumba ya mazishi, ambamo huku maiti huagwa, ina mlango mkubwa wa vioo, na mbele yake uwanja wa magari usio na hata kivuli. Tulisimama pale, wanawake mbele na wanaume nyuma kama ulivyotufundisha, vitenge vimetugandia mgongoni kwa jasho. Mjomba Asukulu alikuwa amesimama mlangoni, amekunja mikono. Watu wakachungulia. Mtoto mmoja akamuuliza mama yake, "Why are they just standing there?" na mama akamvuta ndani. Muhoza alikuwa ameinamisha kichwa. Nilimsikia anapumua. Nilifikiri, kama hawatatuita, watu hawa watakuzika huku wanakukana, na kila ulichotufanyia kitaishia kwenye lami hii.

Mapendo akatoka. Amevaa nyeusi, miguu mitupu. Yeye alikuwa mdogo kwetu darasani, lakini nawe ndiwe uliyemfundisha, na alijua kwamba kwa Wamaori anayewaita wageni ni mwanamke. Akampita mjomba wake bila kumwangalia. Akainua sauti, ileile ya mama zetu msibani: "Njooni, watoto wa baba yangu! Njooni wa ziwani, njooni wa milimani! Njooni na wafu wenu wote!"

Mwanamke wa upande wa wageni lazima ajibu. Wenzangu wakaniangalia. Sikuwa nimejiandaa, Mwalimu, na sauti yangu unaijua. Nikajibu hivyohivyo: "Tunakuja, Mapendo! Tunakuja na baba yake Muhoza. Tunakuja na mama yako."

Mjomba Asukulu akakunjua mikono. Hakutukaribisha, asisingiziwe. Alisogea tu, akaacha mlango wazi, na uso wake ukiwa umelowa. Tukaingia taratibu.

Ulikuwa umevalishwa suti ya kahawia ambayo hukuipenda. Muhoza akasimama karibu na miguu yako. Hakutugeukia sisi wala familia, aliongea na wewe. Ulisikia, lakini nataka yaandikwe: "Mwalimu, ulijua watu wangu walikufanyia nini, na ukanifundisha kusoma. Nimekuja kukusalimu mbele ya shemeji yako. Nenda kwa mkeo. Mwambie niko nje ya nyumba yake, nangoja aniite." Kisha akashindwa kuendelea.

Jumamosi kanisani walisoma wasifu wako kutoka kwenye karatasi ya ibada. Mfanyakazi wa hoteli, mwanaparokia, baba mpendwa. Ualimu haukutajwa. Mapendo akainuka kabla padri hajaendelea, akasema baba yake alikuwa mwalimu wa historia, akatuomba wanafunzi wako tusimame. Tukasimama, Mwalimu. Wauguzi wasaidizi, madereva, wapakiaji wa mizigo, mmoja ana duka lake DeSoto. Sijawahi kujivuna vile maishani mwangu, na sikuona haya. Nilipogeuka nilimwona mama mmoja wa Houston anamnong'oneza mwenzake kuuliza ni shule gani ile. Na ilipofika saa ya kulibeba jeneza, Mjomba Asukulu alishika mshikio wa mbele upande mmoja, akamtafuta Muhoza kwa macho, akamwonyesha mshikio wa upande wa pili. Walitembea hivyo mpaka kaburini, mrefu na mfupi, wakipotezana hatua.

Sasa ahadi yangu. Hapa Garland tumepata chumba cha parokia kila Jumamosi mchana kwa ajili ya watoto wetu, wa ziwani na wa milimani. Wanatujibu kwa Kiingereza na wanadhani vita yetu ni jambo la kunong'onwa jikoni. Mimi na Muhoza tutawafundisha. Nyuzilandi watajifunza, siwezi kuiacha, wataniua wenzangu. Lakini hatutaishia huko kama wewe. Tutawafundisha ya kwetu, waliouawa na waliowaua, wa pande zote mbili, na mimi nitayasema ya watu wangu huku Muhoza akiyasema ya watu wake. Naogopa sana. Usiku ule wa mazishi nilitaka kukupigia simu nikuulize nianzie wapi, nikaishika kabisa, halafu nikakumbuka.

Tumekubaliana mahali pa kuanzia. Siku tulipokuzika nilimuuliza Mapendo mama yake aliitwa nani, nikaona haya kwamba sikuwahi kuuliza. Aliitwa Yosefina. Somo la kwanza litaanza na jina hilo, na atakayelitamka mbele ya watoto ni Muhoza. Mjomba Asukulu amesema atakuja. Anataka kuwasimulia mwenyewe jinsi dada yake alivyokuwa akicheka.

Nenda, Mwalimu. Nenda kwa waliokutangulia. Nenda kwa Yosefina, umekaa mbali naye muda mrefu kwa ajili yetu.

Mwanafunzi wako,
Sifa