Jioni tatu za kumsubiri njiani

Jumapili, baada ya isha

Filamu ya leo imenikera. Jamaa anamfuata binti kazini, sokoni, hadi getini kwao kwenye mvua. Binti anamkataa mara nne, nimehesabu, na mwisho anaolewa naye. Yule mtafsiri anayeingiza Kiswahili juu ya sauti zao alikuwa akimsifia tu: "Hili ndilo dume, halikati tamaa."

Mke wangu Mwanaidi alikuwa anachambua mchicha. Akasema, "Angekuja kwetu Msimbu huyo, kaka zangu wangemtoa mbio."

Kabla baba mdogo hajanipelekea posa, nilipokuwa nafanya kazi huko kwao, mimi pia nilimsubiri njiani akitoka shambani, jioni tatu. Miaka tisa nimeogopa kumuuliza kama alinikubali kwa kunipenda au kwa kuchoka kufuatwa.

Leo nikamuuliza.

Hata macho hakuinua. "Wewe nilikwambia usinisubiri tena, na hukunisubiri. Miezi miwili nikawa nakutafuta mimi. Mshenga wako angechelewa kidogo, ningemtuma wa kwangu."

Miezi ile miwili nilikuwa nazunguka njia ya mbali ili asinione.