Juisi ya Bibi

Jumamosi, Kisarawe.

Kaka yangu mwenyewe! Tumbo moja!

Leo Idrisa aliwapandisha watalii wake vilima vya Pugu, kisha akawaleta kwa Bibi wasikie habari za kijiji. Bibi alikubali kwa sharti moja: pombe isiingie kwake. Idrisa akanipa glasi ya kinywaji chekundu. "Mpelekee Bibi, juisi ya rozela." Nikampa kwa mkono wangu.

Alishaimaliza nilipomsikia Idrisa akiwaambia wageni waonje mvinyo wake wa rozela. Nikamvuta pembeni. "Tulia, mdogo wangu. Kidogo tu, hatajua."

Bibi hajawahi kugusa kileo. Nimwambieje?

Jioni alinishika mkono. "Ile juisi tamu, mjukuu wangu. Niwekee chupa moja. Alhamisi nafunga, nitafuturia."