Umenifuta Ukutani, Mama

Tabora, Jumapili baada ya misa

Mama yangu mpenzi,

Shikamoo. Kifua chako kinaendeleaje na baridi ya huko Ufipa? Mimi mwili ni mzima, nakula na kulala. Kazi na wapima ardhi bado ninayo, ingawa si ile ya zamani, nitakueleza. Najua anayekusomea ni mdogo wangu Modesta, maana hapo nyumbani ndiye mwenye shule. Modesta, usiruke neno hata ukiona ni kali. Mama ayasikie yote.

Mama, nilikuja. Hukuniona, lakini nilikuja. Nilipewa likizo, nikapanda treni hadi Mpanda, kisha lori la Mzee Saidi mwenye duka pale Sumbawanga. Nilikuwa na lile blanketi zito uliloagiza. Kesho yake asubuhi nikatoka mjini kwa miguu, na mchana nikafika kwenye kijito chetu. Niliona moshi wa jikoni kwako, hata mbwa nilimsikia. Nikavuka, nikapanda kilima, nikajikuta nimesimama tena ng'ambo ile ile niliyotoka, viatu vimelowa. Nikacheka, nikasema huu ni uchovu wa lori. Nikavuka tena. Mara ya tatu sikucheka.

Nilikaa kwenye jiwe nikakumbuka uliyonifundisha mwenyewe. Kila mtoto wa nyumba yetu, mama yake humbeba mgongoni akatembea naye pekupeku toka mlangoni hadi mtoni na kurudi, kisha huichora njia hiyo kwa udongo mweupe ukutani, nyuma ya jiwe la kusagia ulezi. Mtoto akikua akaenda mbali, mstari wake unaongezwa. Ndiyo maana nilikuwa nakuandikia kila kituo nilichofika, ili unyooshe wangu. Mwenye mstari ukutani hapotei. Mstari ukifutwa, njia inamkataa. Na akiufuta mtu mwingine, asubuhi unaonekana tena, kwa sababu unatii kiganja kilichouchora, basi. Wangu uliuchora wewe. Nilijua pale pale kwenye jiwe, ila sikutaka kujua.

Mara akaja mama mdogo Yustina na mzigo wa kuni.

"Shikamoo, mama mdogo."

"Marahaba, mwanangu." Akatua kuni, akaanza kulia kabla sijauliza kitu. "Umefutwa, baba."

"Na nani?"

"Sasa nani mwingine anaweza?"

Nilimwomba aniongoze. Nikashika pindo la kanga yake, tukaingia majini pamoja. Nilipotoka nilikuwa peke yangu upande ule ule, yeye yuko upande wa pili ananitazama. Tukaongea kwa kupaza sauti kama wachunga ng'ombe. Akanieleza kwamba walikuja watu wenye vigingi juu ya shamba letu, na kaka Gaspari akawaambia wazee wa ukoo kuwa ni mimi niliyewauzia njia, kwani nani mwingine wa kwetu anafanya kazi na wazungu wa ramani? Wazee wakakuambia. Ukachukua maji kwenye kibuyu, ukanifuta. Mama mdogo anasema haikuchukua muda mrefu. Blanketi nilimrushia juu ya maji, natumaini amekufikishia.

Sasa sikiliza lililotokea kweli. Ramani ya wazungu wangu ilipofika kwenye mgongo wa kilima chetu, bwana mkubwa wa wapima aliniuliza hapa pana nini. Nikamwambia hapana kitu, mawe na upepo. Unajua kama ninavyojua mimi, kilichoingia kwenye karatasi, kila mwenye karatasi anaweza kukifikia. Mwimbi imo, Wampembe kule ziwani imo, na kwetu ni weupe mtupu, padogo kama ukucha. Baadaye mwenzangu mmoja akanichongea kwake, akamwambia mimi ni mtu wa huko huko. Bwana akaniuliza tena. Nikashikilia pale pale. Hakuandika kitu, lakini alininyang'anya mnyororo wa kupimia, na tangu siku hiyo nawabebea wapishi maji kwa debe. Wale wa vigingi walifuata tu nyayo za ng'ombe, wakatafuta pa kupitisha barabara. Je, wamerudi? Mama mdogo anasema hawajarudi. Wangekuwa na njia yetu kwenye karatasi wangekwisha kurudi. Hili hakuna hata mmoja aliyelifikiri?

Kaka Gaspari simshangai, tumegombana tangu tunachunga. Ninayemshangaa ni wewe. Hukutuma hata salamu ya kuniuliza. Ulinibeba mgongoni ukanichora, kisha ukalowesha kiganja kwa maneno ya mtu mmoja. Nimekukasirikia, mama, sitaficha. Na bado nataka kuja nyumbani. Yote mawili yamo ndani yangu na sijui niyafanyeje.

Barua haina miguu, njia haiwezi kuikataa, ndiyo maana naituma. Nisalimie mama mdogo Yustina aliyenililia. Nisalimie mjomba mfua chuma na shangazi wa kule bondeni. Shemeji, mke wa kaka Gaspari, mpe salamu zangu, yeye hana kosa. Kaka mwenyewe mwambieni nimemsikia.

Mama, wewe umezeeka, na ukishafariki hakuna kiganja kingine kitakachoweza kunichora. Nimeomba likizo tena wakati wa kuvuna ulezi. Nitafika pale kijitoni, na safari hii nitavuka mara moja tu. Ulipofuta ule mstari ulikuwa umedanganywa. Sasa ukweli umesomewa, neno kwa neno. Nikirudishwa tena, sitamlaumu Gaspari.

Ni mimi niliyetoka tumboni mwako,
Kasimiri